Nyumba ya Kibaoni Ikumbuke Nini?

Kibaoni ni njia panda. Anayetoka Kidatu, akaiacha miwa nyuma yake na kwenda huku milima ya Udzungwa ikimfuata mkono wa kulia, hufika hapa kabla ya kuingia Ifakara mjini. Barabara moja inaingia mjini na kuendelea hadi darajani, kisha Ulanga na Mahenge. Nyingine inashika njia ya Mbingu, Mngeta na Mlimba. Pembeni kuna bajaji, bodaboda, mama ntilie, magunia ya mchele, na maduka ya vifaa vya ujenzi yaliyosimamisha mabati ya rangi mbele ya milango: mekundu, ya buluu, ya kijani. Watu wengi wa bonde la Kilombero hununua nyumba zao katika maduka ya aina hii, kipande kwa kipande, kadiri mavuno ya mpunga yanavyoruhusu. Mwaka huu mifuko ya saruji, mwakani mabati, mlango utasubiri.

Mahali kama hapa ndipo ninapoupanda mtindo wa ujenzi ambao haupo. Nimekuwa nikiubuni kichwani kwa muda mrefu: nyumba ambayo mtu akiitazama vizuri, kuanzia msingi hadi kofia ya paa, atajua waliotangulia hapa waliishije na walipambana na nini. Nauita mtindo wa Kibaoni kwa kukosa jina bora. Hakuna mhandisi aliyeuchora wala halmashauri iliyoupitisha. Lakini kubuni kitu kisichokuwapo kuna faida yake, kwa sababu kunakulazimisha useme wazi ni kipi hasa unachotaka kibaki.

Jibu rahisi lipo, tena limeenea. Ni ile hoteli yenye msonge wa saruji, makuti yaliyotandazwa juu ya bati ili mgeni asilione bati, ngao mbili ukutani na ngoma ya mapambo pale mapokezi. Sina ugomvi na wenye hoteli, wanauza kinachoulizwa. Ila anayelala humo hawezi kujua kwa nini paa la nyasi lilihitaji mwinuko mkali, nyasi zilikatwa msimu gani, wala nani alikaa ndani kupokea kamba wakati mwenzake akiezeka kwa nje. Kilichohifadhiwa ni sura, na sura ndiyo sehemu ya nyumba inayoigika kwa bei nafuu kuliko zote.

Na bonde lenyewe halijawahi kuwa rafiki wa sura zinazodumu. Uwanda wa mafuriko wa Kilombero una urefu wa kilomita zipatazo 260 na upana unaofika kilomita 52. Mwaka 2002 uliingizwa kwenye orodha ya ardhi oevu za umuhimu wa kimataifa chini ya Mkataba wa Ramsar. Masika yakikolea, maji huacha mkondo na kutandaa mbugani. Ifakara ina mto wake mwingine wa kuuchunga, Lumemo, unaoshuka kutoka Udzungwa na kupita karibu na makazi ya watu. Ukijaa, huingia mitaani bila kubisha hodi.

Nyumba ya watu wa kawaida katika mazingira hayo, kwa vizazi, ilikuwa ya mbavu za mbwa. Unachimbia nguzo, unapiga fito kwa ulalo nje na ndani, unazifunga kwa kamba za magome, kisha unajaza udongo katikati na kukandika. Juu ya nguzo unalaza mtambaapanya, ule mti unaozunguka kuta zote na kubeba makombamoyo ya paa. Kwenye makombamoyo zinafungwa pau, na juu ya pau nyasi. Msumari hauhitajiki. Udongo unachimbwa hapo hapo uani. Maji yanaletwa na wanawake na wasichana kwa ndoo kichwani. Watoto wanakanyaga tope hadi liive. Siku ya kukandika mtaa mzima unaitwa, wenye nyumba wanapika, pengine pombe inakuwapo, na ukuta unapanda kabla jua halijazama.

Mchwa nao hawachelewi kuanza kazi. Baada ya masika kadhaa nguzo zimeliwa chini, ukuta umeinama, na mtaa unaitwa tena. Kwa mtu wa mipango hii ni hasara, nami nakubali kuwa ni hasara: siku za kazi zinapotea, miti inakatwa, migongo ya akina mama inaumia. Lakini tazama kilichokuwa kikitokea kila nyumba ilipoanguka. Mtoto wa miaka kumi alikanyaga tope. Alipofika kumi na mitano alifunga fito. Alipooa, alikwisha kujua mti upi hauliwi haraka na mchwa, na nani kijijini ana jicho la kunyoosha ukuta bila kutumia uzi. Nyumba ya tofali za kuchoma, ambayo sasa ndiyo ndoto ya kila mkulima, mtu huijenga mara moja katika maisha yake, na wanaoijenga ni fundi wa kulipwa na saidia fundi wake. Watoto wa mwenye nyumba wanaachiwa kazi ya kupaka rangi sikukuu zikikaribia.

Kwa hiyo, ikiwa kumbukumbu ya ujenzi ya bonde hili iliwahi kukaa mahali, basi ilikaa kwa watu walioitwa kujenga upya. Ukuta ulikuwa kisingizio cha kuwakusanya.

Mfano mkubwa wa jambo hili katika Afrika Mashariki uko Kampala, kwenye makaburi ya Kasubi, walikozikwa makabaka wanne wa Buganda. Jengo kuu, Muzibu-Azaala-Mpanga, lilijengwa enzi za Mutesa wa Kwanza, mapema miaka ya 1880: kuba kubwa la miti, matete na nyasi. Ukiinua macho ndani yake unaona pete za matete zilizofungwa pamoja zikizunguka paa, na idadi yake ni 52, sawa na koo za Waganda. Mtu anaweza kusema hiyo ndiyo kumbukumbu, imeandikwa darini. Mimi navutiwa zaidi na mgawanyo wa kazi. Kuezeka ni wajibu wa ukoo wa Ngeye, wale ambao mnyama wao ni mbega. Mapambo ni ya ukoo wa Ngo, watu wa chui. Usiku wa tarehe 16 Machi 2010 jengo liliteketea. Ujenzi mpya ulichukua miaka mingi, kelele na lawama zikiwa nyingi, na mwaka 2023 UNESCO ikaliondoa eneo hilo kwenye orodha ya urithi ulio hatarini. Nyasi zote ni mpya. Miti ni mipya. Bado Waganda wanaliita lile lile, na hakuna anayewabishia, kwa sababu waliotakiwa kuezeka ndio walioezeka.

Jiwe nalo lisijione. Beit al Ajaib ya Zanzibar, iliyojengwa na Sultani Barghash mwaka 1883 kwa mawe ya matumbawe na boriti, sehemu yake iliporomoka siku ya Krismasi mwaka 2020 na watu wakapoteza maisha. Nyumba ya mawe ikikosa mikono ya kuitunza huanguka kama ya udongo, ila ikianguka huua.

Hata hivyo Kilombero si Buganda. Hapa hakukuwa na kasri moja la kuzileta koo zote chini ya paa moja. Tena mkulima wa mpunga hakuwa na nyumba moja. Alikuwa nazo mbili, na wengine bado wanazo: ya kijijini, karibu na barabara, shule na zahanati; na ya shamba, mbali huko mbugani, ambako familia huhamia kuanzia kupanda hadi kuvuna. Ya shamba ni ya nyasi na miti myepesi, wakati mwingine imeinuliwa juu ya nguzo, yaani dungu. Kutoka juu ya dungu unawaona nguruwe pori wakiingia shambani usiku, unawapigia debe kwelea alfajiri, na maji yakipanda ghafla una pa kuweka gunia. Mtoto wa mkulima alikuwa anakua akijua nyumba zote mbili: ile ya kusomea na ile ya kulindia. Nikiulizwa chumba gani cha bonde hili kinastahili kuingia kwenye mtindo wangu wa kufikirika, nitataja dungu kabla ya baraza, ingawa baraza inapendwa na kila mtu.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo ndilo lililonifanya niandike. Nyumba ya mbavu za mbwa ya Kilombero imehifadhiwa. Imepimwa, imechorwa, imenakiliwa, inafanyiwa ukarabati, na walioifanya kazi hiyo hawakuwa na haja nayo hata kidogo. Walikuwa wanamtafuta mbu.

Mswisi Rudolf Geigy wa Basel alianza shughuli za utafiti Ifakara mwaka 1949, na kutokana na mwanzo huo tunayo leo Taasisi ya Afya Ifakara. Mwishoni mwa miaka ya 1990 ndipo ulipofanyika hapa mradi wa vyandarua vyenye dawa vilivyouzwa kwa jina la Zuia Mbu. Matokeo yake, yaliyochapishwa mwaka 2001, yalionyesha kwamba uhai wa watoto wa kuanzia mwezi mmoja hadi miaka minne waliolala ndani ya vyandarua vile uliongezeka kwa asilimia 27. Hizo ni habari ambazo dunia nzima ya malaria inazijua. Kisichosemwa sana ni kwamba, ili kumfahamu mbu, watafiti walilazimika kuifahamu nyumba. Wakapita mlango kwa mlango na madodoso. Ukuta ni wa tope au tofali? Paa ni nyasi au bati? Wanalala wangapi? Na swali lililorudiwa kuliko yote: je, pale juu, kati ya ukuta na paa, pako wazi au pamezibwa?

Uwazi ule ndio pumzi ya nyumba ya zamani. Ukuta hauzibwi hadi juu. Unaishia kwenye mtambaapanya, na makombamoyo yanapita juu yake yakiacha nafasi inayozunguka nyumba nzima. Moshi wa jiko unatokea hapo. Hewa ya usiku inaingilia hapo. Mwanga wa asubuhi hupita hapo kabla ya mlango kufunguliwa. Kwa ndani, kichwa cha ukuta kilikuwa kabati ya familia: mundu ulichomekwa hapo, mbegu zilining'inizwa jirani yake zikipata moshi ili zisibunguliwe, na karatasi za kliniki zilikunjwa na kufichwa mahali mikono ya watoto isipofika. Hapo hapo ndipo mbu wa malaria wanapoingilia kwa wingi. Wanafuata harufu ya waliolala, wanapanda na ukuta, wanakuta mlango usio na komeo. Kila kilichoifanya nyumba ile ipendeze kukaa kiliifanya pia iwe ya hatari kwa mtoto wa umri wa kunyonya, na mwandishi anayeisifu nyumba ya nyasi bila kulisema hilo ningemwomba kwanza akalale ndani yake mwezi wa Aprili, bila chandarua.

Kutokana na kazi hiyo kilizaliwa kibanda cha majaribio cha Ifakara, ambacho maelezo yake yalichapishwa mwaka 2012. Kimekusudiwa kufanana na nyumba za wenyeji: urefu mita 6.5, upana mita 3.5, uwazi wa juu umeachwa kama ulivyo vijijini ili mbu aingie kwa tabia yake. Ndani kuta zimebandikwa tope, lakini tope hilo liko kwenye mbao zinazoweza kuondolewa na kubadilishwa. Paa ni bati lililofunikwa nyasi ili joto la ndani lifanane na la nyumba ya nyasi. Bati chini, nyasi juu, ule ule mpangilio wa hoteli niliyoisema. Tofauti ni kwamba hapa nyasi zina kazi. Na huko Kining'ina, kwenye eneo la taasisi ambalo kwa Kiingereza limepewa jina la jiji la mbu, kuna mabanda makubwa ya wavu ambayo ndani yake limewekwa bonde dogo: udongo, mimea, vibanda, na mbu wanaozaliwa na kufa humo humo.

Nikiyafikiria mabanda hayo nacheka kidogo, kisha nanyamaza. Tumejenga makumbusho ya nyumba yetu na mtazamaji wake ni mbu. Vipimo vyote vimo. Hamna bibi anayefikicha mbegu, hamna kelele za siku ya kukandika, hamna mundu juu ya ukuta. Sisemi kwamba watafiti wamekosea. Wao waliulizwa swali lao na wakalijibu, tena limeokoa watoto. Wameendelea hata kubuni tepe za kitambaa zilizotiwa dawa ya kufukuza mbu, zinazofungwa kuzunguka uwazi ule ule bila kuuziba, na hilo kwangu ni jambo la kiungwana: wameikuta nyumba kama ilivyo na kuijalia. Sisi wengine tuliojidai wenye habari za utamaduni hatukwenda na utepe wa kupimia.

Kuna swali la kumbukumbu ya nani. Kijiji cha Makumbusho cha Dar es Salaam, kilichofunguliwa mwaka 1967, kimepanga nyumba zake kwa makabila: hii msonge ya Wahaya, ile tembe ya Wagogo. Ni kazi nzuri ya wakati wake, na ndiyo makumbusho pekee ninayojua ambako mtoto wa shule huingia chumbani badala ya kutazama kioo. Lakini mpangilio ule haufiki Kibaoni. Ukipiga hodi nyumba za mtaa mmoja hapa utawakuta Wandamba ambao mababu zao walikuwa wavuvi wa mtoni, Wapogoro walioshuka kutoka milima ya Mahenge, Wambunga, Wabena, Wahehe, Wangoni, halafu Wasukuma waliofuata malisho na mashamba. Hamna kabila moja la kulipa paa jina lake.

Wanachofanana wengi wao ni kuhama. Miaka ya 1940 serikali ya Waingereza iliwakusanya watu wa Ulanga kwenye makazi mapya kwa sababu ya malale. Kuanzia mwishoni mwa 1973, kuishi vijijini kulipogeuka amri ya nchi nzima, nyumba zikapangwa mistari kando ya barabara, na wengi wakaanza tena kuchimbia nguzo mahali wasipopachagua. Katikati ya hayo reli ya TAZARA ilikuwa inajengwa, 1970 hadi 1975, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, ikakata bonde lote na kuwaleta watu wapya wa kila lugha. Mtu aliyehamishwa hubomoa anachoweza kubeba. Udongo na nyasi unaviacha. Unachukua mlango na madirisha, unachukua nguzo ikiwa ni mti mzuri. Mlango wa mvule unaweza kuwa umehudumia nyumba kadhaa huku kuta zake zikirudi ardhini.

Basi sheria ya kwanza ya mtindo wa Kibaoni iwe hiyo: kila nyumba mpya ibebe kipande kimoja cha nyumba iliyotangulia, na kipande hicho kifanye kazi. Kisiwekwe kwenye fremu ukutani. Kikiwa mlango, kifungwe na kufunguliwa. Kikiwa boriti, kibebe kitu.

Ya pili ni mstari wa maji. Maji yakishafika ndani na kuondoka, mwenye nyumba anajua yalifika wapi kwa alama ya tope ukutani, kisha anapaka chokaa na alama inapotea. Anayenunua kiwanja jirani miaka mitano baadaye, wakati wa kiangazi, anauziwa ardhi kavu na anaamini. Katika mtindo wangu kozi moja ya tofali itapangwa kwa kusimama, ikizunguka nyumba yote, mahali maji yalipofika. Mtoto atakayeuliza kwa nini tofali zile zimesimama atapewa jibu lenye mwaka ndani yake, na fundi umeme atajua soketi zake zianzie wapi.

Uwazi wa juu ubaki, lakini uwekwe wavu imara wa chuma, na juu ya kipenu cha nyuma kiinuliwe chumba kidogo cha mbao chenye ngazi, dungu la mjini, kwa ajili ya magunia, vyeti na mtu mzima mmoja wa kulala macho mvua zikizidi. Shimo lililochimbwa udongo wa tofali lifukiwe kwa kifusi au lifugiwe samaki. Hili la shimo wengi hulisahau: kila nyumba ya tofali za kuchoma huzaa shimo, shimo hujaa maji, na mbu huyohuyo tuliyemzibia juu anapata pa kutagia uani.

Mambo haya niliwahi kuyamimina kwa fundi mmoja mzee ninayemheshimu, tukiwa tumesimama kando ya tanuru lililokuwa limepoa. Tofali zake zilichomwa kwa kuni na pumba za mpunga, na zile za katikati zilikuwa zimeiva hadi kugonga kama kengele. Nilipomaliza kumwamkia na kueleza, aliokota tofali moja, akafuta vumbi, akanionyesha sehemu iliyobonyea katikati. Kulikuwa na herufi mbili.

“Unaona hii, mwanangu? Tunachonga kwenye kibao cha kufyatulia. Bila herufi, tofali zako zinaota miguu usiku.”

Nilikuwa nimekwisha kuziona herufi kama hizo sehemu nyingi bila kuzitilia maanani. Kila familia inayofyatua huweka zake: za baba, wakati mwingine za mama, mara chache jina la kikundi. Tofali likipangwa, herufi zinatazama juu, udongo wa kuunganishia unamwagwa juu yake, na kozi inayofuata inazifunika. Hazitaonekana tena hadi nyumba ivunjwe, na hapo tofali nzima zinauzwa, zinapanda ukuta wa mtu mwingine zikiwa na jina la mtu wa kwanza tumboni. Nikamwambia mzee kwamba nimepata sheria nyingine: angalau kozi mbili, herufi zigeuzwe zitazame nje. Mpita njia asome nani alifyatua.

Alicheka. “Na lipu?”

Nikasema isipigwe lipu.

“Sasa huyo mwenye nyumba umemtia aibu. Ukuta bila lipu, watu watasema pesa imemwishia.” Akaendelea kunifundisha: tofali ya nje ya tanuru haikuiva vizuri, mvua ikiipiga inamong'onyoka, lipu ni afya ya ukuta kabla ya kuwa urembo, na kwamba vijana wa siku hizi wanamletea picha kwenye simu za nyumba yenye paa la kuficha, wanataka hiyo hiyo, na ukiwaambia paa la kuficha kwenye mvua za Ifakara litavuja pembeni wanakwenda kwa fundi mwingine.

Nikamuuliza, kama lipu haiepukiki, herufi zikae wapi. Alifikiri. Kwa nyuma, akasema, upande wa jikoni, chini ya dungu langu, kwa sababu pale mvua haifiki moja kwa moja na mwenye nyumba hapaoneshi wageni. Atachagua tofali za katikati ya tanuru peke yake. Kuzigeuza kutapunguza mshiko wa udongo, kwa hiyo kozi hizo zitahitaji saruji, na saruji ile si ya kwenye bajeti ya mwenye nyumba. Alitaja idadi ya mifuko na bei yake, akaongeza posho ya saidia fundi wawili na chakula chao, kisha akataka kujua nani analipa, mimi au makumbusho. Nilimwambia makumbusho hayapo. “Basi ni wewe,” akasema, akanipa tofali nilishike wakati anatafuta kalamu ya kuandika hesabu.